Nilivyowaficha Wayahudi kwa Muuzaji

Kabla hamjaniuliza maikrofoni gani ni nzuri, vueni bangili. Ndiyo, hata hizo nyembamba mnazosema hazilii. Zinalia. Mimi nilikwisha kuharibu msiba mzima wa Ulaya kwa bangili mbili za dhahabu: mama wa watu yuko juu ya kaburi la mumewe, theluji inaanguka, na kila akipangusa chozi inasikika chwa, chwa, chwa, kama muuza kahawa anayegonganisha vikombe.

Nguo nazo, njooni na pamba iliyofuliwa mpaka imechoka. Buibui jipya linapiga kelele kuliko mvaaji. Kuleni tofaa la kijani kabla ya kuingia, mate yasiwe mazito, maana maikrofoni inasikia hata ulimi ukibanduka kwenye meno. Na msile biriani mchana. Hilo la biriani silielezi. Mtajua wenyewe, na watakaofungiwa nanyi kwenye kile kibanda watajua zaidi.

Mnaniandikia mkiuliza nilisomea wapi kazi ya kuingiza sauti za Kiswahili kwenye tamthilia za kigeni. Sikusoma popote. Nilikuwa karani wa mapokezi katika ofisi ya mizigo kule Deira, Dubai, nikipokea simu za Waswahili wa kila pembe wanaotaka kujua masanduku yao yamefika wapi. Siku moja aliingia mama wa Kilebanoni, mwembamba, miwani moja usoni na nyingine kichwani, anataka kusafirisha kabati. Alinikuta kwenye simu nambembeleza mama mmoja wa Tanga ambaye friji lake lilishushwa bandari siyo. Nilipokata simu, yule Mlebanoni akaniambia kwa Kiingereza, "Sijaelewa hata neno moja, lakini nimelihurumia sana hilo friji."

Huyo ndiye Madam Samira. Alikuwa na studio ndogo kwenye ghorofa moja la Jumeirah Lake Towers, mitambo anaiendesha mwenyewe, na alikuwa akitafuta sauti za Kiswahili. Kiswahili chenyewe hakujua zaidi ya "jambo," na hata hiyo aliisema kama anapiga chafya. Nikaacha simu za mizigo, nikaenda.

Timu yetu ilikuwa ya watu watatu. Mimi, Zuhura wa Mombasa. Bwana Khelef, mfasiri, wa ukoo wa Kizanzibari uliokaa Dubai miaka mingi, ambaye Kiunguja chake kimepigwa pasi, na ukisema neno la bara mbele yake hufumba macho kama aliyetiwa ndimu. Na Kaka Wanyama wa Kakamega, mlinzi wa jengo lilelile. Madam Samira alimsikia getini akimkataza dereva kuegesha gari, na sauti ile ikamtetemesha miwani zote mbili. Akamwombea ruhusa kwa msimamizi wake, ikawa akitoka zamu ya asubuhi anapanda kwetu na sare yake.

Tamthilia iliyonifundisha kazi ilikuwa ya vita vikuu vya pili. Mjane mmoja wa kijijini Ulaya, mfuga mabata bukini, anawaficha nyumbani kwake Wayahudi wanne: daktari, mkewe, binti yao wa miaka sita, na babu. Kijiji kimejaa askari wa Kijerumani wanaowasaka Wayahudi ili wawapeleke kuuawa. Kila kipindi wanakaribia kukamatwa, kila kipindi yule mjane anapata akili mpya. Mimi nilikuwa mjane. Nilikuwa pia binti wa miaka sita, na mimi wakati huo nina hamsini na mbili na goti linaloniuma.

Sasa sikilizeni, maana hapa ndipo kazi ilipo. Kiswahili kila neno huishia mdomo wazi. Mama, baba, njoo, kimbia. Wazungu wao humaliza maneno midomo imefumba. Basi unasema "kimbia," umemaliza, na mwenzako kwenye skrini bado anafumba mdomo polepole kama anameza kidonge. Tutafanyaje? Nikaanza kuweka "mm" mwishoni. "Ingieni ndani, mm." "Askari wanakuja, mm." Baada ya vipindi viwili yule mjane wa Ulaya akawa shangazi wa Majengo ya Mombasa kabisa, kilichobaki ni kutafuna tambuu.

Joto nalo. Maikrofoni haitaki mvumo wa kiyoyozi, kwa hiyo kinazimwa. Ni mwezi wa Agosti Dubai, nje lami inalainika, na mimi ndani ya kibanda kisichopitisha hewa natetemeka kwa baridi ya theluji huku jasho linanitiririka mpaka kwenye viatu. Wanyama alikuja na taulo mbili: moja ya kujifuta, moja ya kukalia.

Wanyama alipewa ukapteni wa Kijerumani, mkuu wa wasakaji. Sauti anayo. Ukali ndio hakuwa nao hata wa kuazima. Miaka tisa ya getini ilimwingia kwenye damu. Skripti inasema "Fungua mlango!" Yeye anajaza kifua, ananguruma, "Fungua mlango... tafadhali."

"Khalas! Basi!" Madam Samira anapiga kioo cha kibanda. "Hilo neno la mwisho ni nini?"

"Ni heshima, madam," Wanyama anajibu.

"Huyu ni muuaji, Wanyama!"

"Ndiyo, madam. Sorry, madam."

Mara ya pili akasema vizuri mpaka katikati, kisha akamwomba yule mjane kitambulisho na kumwuliza anaenda ghorofa ya ngapi. Tulicheka hata nikakaa chini. Mwishowe nilimfundisha kufikiria dereva mmoja wa gari jekundu aliyewahi kumtemea mate getini. Nikamwambia, "Kaka, huyo ndiye aliye nyuma ya mlango." Ee! Alipiga kelele mpaka watu wa ofisi ya jirani wakaja kuuliza kuna nini.

Lakini siku hiyohiyo, tukinywa chai, alinigeukia. "Mama Zuhura, sasa hawa watu walikosea wapi? Huyu daktari na mtoto wake."

"Hawakukosea."

"Lakini wanatafutwa na jeshi mzima."

"Wanatafutwa kwa sababu ni Wayahudi."

"Hiyo tu?"

"Hiyo tu. Na si kwenye tamthilia peke yake, kaka. Iliwapata watu wa kweli, mamilioni."

Aliweka kikombe chake chini. Kisha akasema, "Na huyo mama wa mabata angejinyamazia tu, hakuna mtu angemuuliza." Akarudi kibandani. Toka siku hiyo hakusema tena "tafadhali."

Kuhusu mabata: walitutumia kanda ya sauti za mandhari, yaani milango, nyayo, upepo, ila mabata yakasahaulika. Maandishi yanasema yako arobaini uani yanapiga kelele, na kanda yetu kimya. Madam Samira akatuuliza nani anaweza kulia kama bata bukini. Bwana Khelef akatazama dari. Wanyama akavua kofia ya ulinzi, akaiweka mezani kwa adabu, akalia. Wanangu, mimi nimefanya kazi na watu wenye vyeti vya kuigiza, sijasikia kitu kama kile. Alilia bata mmoja, akalia mke wake, akalia wanapogombana. Ukiitazama ile tamthilia, kapteni anaingia uani na mabata yanamzomea. Ujue ni mtu mmoja anajizomea mwenyewe.

Sasa niwaambie kosa langu, ambalo ndilo lililonifanya niandike haya.

Kampuni iliyotupa kazi iliogopa tamthilia isije ikaibiwa kabla haijaonyeshwa. Kwa hiyo picha walizotuletea zilitiwa weusi. Skrini yote giza, isipokuwa kiduara kidogo kwenye mdomo wa anayesema. Hatukuona nyumba wala uso. Tuliona midomo, na tuliisikia sauti ya Kiingereza ili tufuate. Tulijua hadithi kwa maandishi aliyotafsiri Bwana Khelef.

Tulipofika kipindi cha nne, Bwana Khelef akaenda Hatta, kule milimani, kumwoza mdogo wake. Alituachia maandishi ya vipindi viwili tu akasema atarudi baada ya siku nane. Mimi na Wanyama tukavimaliza vile viwili kwa siku tatu. Madam Samira akaanza kuzunguka chumba. Vipindi vitatu vinavyofuata havina tafsiri, na Khelef huko harusini simu haipatikani.

Mkono ukainuka. Ukawa wangu. "Mimi Kiingereza nakijua, madam. Nitasikiliza, nitaandika."

Na nilikijua, cha masanduku. Cha masanduku nilikuwa hodari.

Tatizo ni hili. Kwa Kiingereza, chumba cha chini ya nyumba na mtu anayeuza vitu hutamkwa sawasawa, sela na sela. Mimi, mtoto wa Mombasa, nyumba yenye chumba chini ya ardhi nimeiona wapi? Wauzaji nimewaona maisha yangu yote. Basi mjane anamnong'oneza jirani yake, "Nimewaficha kwenye sela." Mimi nikaandika, kwa mwandiko mzuri kabisa, "Nimewaficha kwa muuzaji."

Nikajiambia, ahaa, kumbe amewahamisha kutoka darini. Kuna muuzaji mwema hapo kijijini. Nikampenda.

Mwanzo mambo yalikwenda. "Nawapelekea supu kwa muuzaji." Sawa. "Usimruhusu mtu aingie kwa muuzaji." Sawa kabisa. Katikati ya kipindi cha sita mvua ikanyesha, na mjane akasema kitu ambacho mimi, baada ya kurudia kusikiliza mara saba, nilikiandika hivi: "Muuzaji amejaa maji."

Wanyama akashusha karatasi. "Mama Zuhura. Amejaaje?"

"Ni ugonjwa," nikamwambia. "Ule wa kuvimba miguu. Ni mzee."

"Pole yake."

Ukurasa uliofuata: "Muuzaji ananuka ukungu na ana panya."

"Ai! Panya?"

"Kaka, ni vita. Watu hawaogi."

Akatikisa kichwa kwa huruma, akasoma. Halafu binti wa miaka sita, kwa sauti yangu, akasema, "Mama, naogopa, muuzaji ana giza." Hilo nililitetea kwa kusema ni lugha ya kishairi. Na mjane alipomwambia jirani, "Shuka taratibu, ngazi ya muuzaji imeoza," nilikwishazama, nikasema labda ana duka la ghorofa.

Mtanicheka, chekeni. Ila nisikilizeni pia: mtu akishajitwisha kazi ili aonekane anaweza, ubongo wake hugeuka wakili. Kila jambo la kijinga analiletea utetezi.

Bwana Khelef alirudi kutoka Hatta na chupa ya asali ya mlimani na sauti iliyokauka kwa kuimba. Asubuhi ileile zikaletwa picha kamili, wazi, zisizo na weusi, ili tukague kabla ya kukabidhi. Tulitakiwa kukabidhi kesho yake saa tisa alasiri. Tukakaa wote wanne mbele ya skrini. Ndiyo mara yetu ya kwanza kumwona yule mjane. Nilikuwa nimemfikiria mnene kama mimi. Alikuwa mdogo, mkavu, mikono mikubwa, amevaa viatu vya mwanamume.

Na nyumba yake ina kifuniko cha mbao sakafuni. Akakiinua. Chini kuna ngazi, giza, maji yanameremeta, panya anapita. Watu wanne wamekaa juu ya magunia ya viazi wakitazama juu. Na sauti yangu ikasema vizuri, kwa upole, "Muuzaji amejaa maji, mm."

Bwana Khelef akageuza shingo kunitazama. Taratibu, kama feni bovu. "Bi Zuhura," akasema, "muuzaji yupi?"

Nikahisi masikio yanapata moto.

Akacheka. Alicheka mpaka akashika meza, na Wanyama naye akaanza, "Kumbe si ugonjwa wa miguu!" Nami nikacheka, maana ningefanya nini? Tukaendelea kutazama, kila "muuzaji" anapotajwa tunapasuka upya. Madam Samira anatutazama, haelewi, anatabasamu tu.

Kisha kikaja kipindi cha saba, na kicheko kikakatika.

Kapteni anamsimamisha mjane njiani. Anamwuliza kila siku anakwenda wapi na ndoo. Kwenye Kiingereza mjane anajibu kwamba anashuka kwenye sela kuchukua viazi vya mabata, jibu la kawaida la mama wa nyumbani. Kwangu alijibu, "Nakwenda kwa muuzaji." Na picha iliyofuata, askari wanavunja mlango wa muuza duka wa kijijini, mzee mwenye upara, wanamburuta barabarani mkewe akilia. Walimfuata kwa jambo lingine kabisa, alificha redio. Lakini mtu wa Mombasa au wa Dodoma akitazama, angeona nini? Angeona mjane ametajwa kuwa mwema vipindi sita, halafu amemtaja mtu kwa adui, mtu akaenda kuuawa, naye akarudi nyumbani kulisha mabata.

Wanyama akasema polepole, "Tumemfanya msaliti."

"Si sisi," nikasema. "Ni mimi."

Madam Samira akauliza, "Kuna nini? Mbona mmenyamaza?"

Wanangu, niwaambie ukweli ulivyokuwa. Kuchelewa kukabidhi kulikuwa na maana yake: ile kampuni ilikwisha kusema ikicheleweshewa, kazi ya Kiswahili itapelekwa kwingine, na sisi watatu tutarudi tulikotoka. Wakaguzi wao hakuna ajuaye Kiswahili. Na chini ya karatasi ya tafsiri halikuwa jina langu, lilikuwa la Khelef. Yeye mwenyewe akaniambia kwa sauti ya chini, "Bibie, ukitaka tunyamaze, nitanyamaza. Ni tamthilia tu."

Nikamtazama yule mjane, Madam Samira alikuwa amemsimamisha kwenye skrini. Viatu vya mume wake marehemu, ndoo mkononi. Yeye hakuwa mtu wa kweli, najua. Lakini walikuwako watu kama yeye, waliohatarisha roho zao kwa ajili ya watu wasio ndugu zao, na wengine waliuawa kwa hilo. Na watazamaji wetu wengi ndiyo mara yao ya kwanza kusikia habari hizo. Wazisikie kwangu, halafu kwangu awe ndiye aliyeuza watu? Nilimwambia Madam Samira yote, mpaka habari ya kujaa maji.

Alivua miwani ya usoni, akavaa ya kichwani, akaivua na hiyo. "Vipindi vitatu," akasema.

"Vitatu, madam."

"Umenificha kwa siku ngapi?"

"Sikukuficha, madam. Nilikuwa sijui. Ujinga ulikuwa wa dhati."

Nilidhani atanifukuza. Akazima kiyoyozi. "Yalla," akasema. "Ingia ndani."

Tatizo likawa neno. Kiswahili hakina neno la mkato la chumba kile. Bwana Khelef akasema "handaki." Nikasema handaki ni la askari. Wanyama akasema, "Besmenti. Kila mtu anajua besmenti, ni pale pa kuegesha magari." Khelef akafumba macho. Wakabishana robo saa, Unguja na Kakamega, mpaka nikapiga kioo kama Madam Samira. Nikawaambia hesabuni silabi. Kwa-mu-u-za-ji, tano. Nitafutieni tano. Wakahesabu kwa vidole kama watoto wa chuo cha Kurani, na Wanyama ndiye aliyeipata: sto-o-ya-chi-ni. Stoo ya chini. Bwana Khelef alionja lile neno, akatafuta kasoro, hakuipata, akasema, "Haya, si baya," ambayo kwake ni nishani.

Tulirekodi siku nzima ile na asubuhi iliyofuata. Mistari hamsini na tatu ilikuwa na muuzaji ndani yake. Nilimtoa mmoja mmoja. Wanyama alibadilishana zamu na mwenzake, akakaa kibandani nami anisukumie karatasi. Matofaa ya kijani nilikula manane, na sijapenda tunda hilo tena.

Ilipofika saa sita mchana tukabakiwa na mstari mmoja tu, wa mwisho wa kipindi cha mwisho. Vita vimekwisha. Mjane anainua kifuniko, anawaambia wale walio chini kwamba sasa wanaweza kutoka. Huo haukuwa na muuzaji, ila Madam Samira aliutaka upya, kwa sababu mwanzoni niliusema nikitazama mdomo tu gizani, na sasa tunaiona picha.

Nikauona mkono wake mkubwa ukishika ule ubao. Babu yule, ndevu zimefika kifuani, akitia mkono machoni kuzuia mwanga. Binti akitafuta viatu vyake. Nikasema, "Tokeni. Mchana umefika." Sikuweka "mm." Nilisahau.

Na pale kwenye kimya, babu anapoanza kupanda ngazi, nyuma yangu Wanyama akavuta kamasi. Ndefu, yenye maji, ya mtu anayelia na hataki ajulikane.

Nikafumba macho nikingoja kioo kipigwe. Hakikupigwa. Madam Samira alirudisha kanda, akasikiliza mara mbili. Sauti ya ile kamasi ilikuwa imeangukia sawasawa kwenye uso wa babu, mdomo wake ukiwa umejificha ndani ya ndevu.

"Sorry, madam," Wanyama akasema kwenye maikrofoni. "Nirudie?"

"Usiguse chochote," Madam Samira akasema. "Acha hivyohivyo. Huyo ni babu."